Evribadi ni Mmoja

Mwalimu nilimjua kwa sauti kabla sijamjua kwa sura. Tulikuwa harusini, mtaani kwetu Nyakabanda, Kigali, chini ya hema jeupe, na mshereheshaji alikuwa ameshika kipaza sauti kama mtu aliyekitafuta maisha yake yote. Alitaka kutuonyesha kwamba Kiingereza anakiweza. Akapaza sauti: “Everybody are happy!” Tukapiga makofi. Makofi yalipotulia, ikasikika sauti ya mwanamke kutoka viti vya nyuma, si ya ukali, kama mtu anayemwambia mwenzake kwamba kifungo cha shati kimefunguka.

“Is.”

Mshereheshaji akatafuta kwa macho. “Nani iko anasema?”

“Ni mimi. Everybody is happy.”

“Lakini mama, angalia! Watu iko wengi!”

“Hata wakiwa elfu,” akajibu. “Evribadi ni mmoja.”

Hema zima likaangua kicheko. Yule kijana, sifa yake nimpe, hakukasirika. Aliona pale pana mchezo. Tangu dakika ile mpaka keki inakatwa, kila aliposema “everybody” alinyamaza kidogo na kutuelekezea kipaza sauti, na sisi sote, wazee kwa watoto, tuliokwenda shule na tusiokwenda, tukajibu kwa nguvu: “IS!” Baba wa bibi harusi, ambaye Kiingereza chake kilianzia na kuishia pale, ndiye aliyepiga kelele kuliko wote. Mpaka leo watu wa mtaa wakikumbuka harusi ile wanasahau bibi harusi alivaa nini. Gauni nilishona mimi, kwa hiyo najua ninachosema.

Siku chache baadaye mwanamke yule akaja dukani kwangu na sketi iliyokatika zipu. Alikuwa mrefu, mwenye mabega ya kuinama kidogo, miwani yake imefungwa uzi wa sufu nyuma ya shingo. Hapo ndipo nilipojua kwamba anakaa nyumba tatu juu yangu, kwamba amekulia Uganda, na kwamba kazi yake ni kusoma karatasi za Kiingereza katika ofisi moja kule Kacyiru, kabla hazijachapwa, ili zisitoke na aibu. Mimi nimekulia Bujumbura, Buyenzi, ambako Kiswahili hukipata mtoto pamoja na ziwa la mama, na shuleni tulikula Kifaransa. Kiingereza kilinikuta mtu mzima, mwenye cherehani na binti wa darasa la tatu. Binti yangu Diane alikuwa akirudi na kazi za nyumbani ambazo sikuweza kuzisoma hata vichwa vyake. Alikuwa ameanza kunificha daftari kwa huruma, na huruma ya mtoto inauma kuliko dharau.

Nikamwambia Mwalimu hayo huku natoa zipu mbovu. Akaketi kwenye benchi la wateja. “Tuanze sasa hivi,” akasema.

Darasa lilizaliwa hivyo. Silas, dereva wa moto, yaani pikipiki ya abiria, alikuja kushonewa mfuko wa koti, akasikia, akakaa. Chantal, mwanafunzi wa chuo aliyepanga chumba cha jirani, alikuja kucheka, akabaki. Jioni zikipita, benchi likajaa, tukaazima lingine kwa seremala, na seremala akalifuata benchi lake akabaki naye pia. Mwalimu alikuwa akitoka kazini, anashuka kwenye moto ya Silas akiwa bado amefumba macho, maana pikipiki aliziogopa siku zote. Alikuwa akishikilia koti la dereva kwa mikono miwili na kusali njia nzima. Silas alituambia kwamba kwenye miteremko sala ilikuwa kwa Kiingereza, na kwenye kona ilirudi Kinyarwanda.

Angeweza kutufundisha mambo mengi. Wengine huanza na vitenzi. Yeye alianza na yale maneno madogo ambayo hayamtaji mtu kwa jina: everybody, somebody, anybody, nobody. Alisema mtu anayeyajua hayo ameshajua kukaa na watu.

Namna alivyotufundisha “everybody” sijaiona kwa mwalimu mwingine. Hakuandika kitu. Alitusimamisha, akapita akimshika kila mmoja mkono, akimtazama machoni na kumuuliza kwa Kiingereza, “Upo?” Na huyo akajibu, “Nipo.” Alipomaliza wa mwisho akageuka: “Sasa ndiyo ninaweza kusema ‘Everybody is here.’ Nimewaona mmoja mmoja. Ukisema ‘all’, unaona umati. Ukisema ‘everybody’, umemtazama kila mtu usoni.” Kisha akanigeukia mimi. “Mama Diane, kwenu munasema kila mtu wana, ao kila mtu ana?”

“Kila mtu ana.”

“Na Kinyarwanda? Buri muntu afite. Munaona! Mulikuwa munajua toka zamani. Munabeba maji kichwani halafu munauliza kisima iko wapi.”

Na hivyo ndivyo alivyoishi. Baada ya umuganda, ile kazi ya pamoja ya kila mwezi, watu wa kitongoji wakishamaliza kufyeka na kuzibua mitaro na mkutano umekwisha, wengine tunapunga mkono kwa jumla na kukimbilia nyumbani kuoga. Yeye alipita akimsalimia mmoja baada ya mwingine, jembe begani, mpaka jua linakuwa kali. Kutoka naye kanisani ilikuwa safari. Ukimwambia, “Mwalimu, tuende, chakula kinapoa,” alikujibu, “Bado sijamaliza evribadi.” Ndiyo sababu watu wakamwita Mama Evribadi. Nikamuuliza kama jina lile linamkera. Alifikiri kidogo, akirekebisha miwani.

“Mimi sikuzaa,” akasema. “Sasa mutaa muzima umenipa mutoto, tena wote mara moja. Nitakataa?”

Umesikia Kiswahili chake. Hapo ndipo palipokuwa na kichekesho cha mwanamke huyu. Kosa la Kiingereza lilimfanya ashtuke kama aliyekanyaga mwiba, lakini Kiswahili alikivunja bila huruma. Alikiokota Kampala, sokoni, na kukileta Kigali kikiwa hakina ngeli hata moja. “Vitu yote iko kwa meza.” “Watoto iko nalala.” Mimi wa Buyenzi nilikuwa nauma sindano.

“Mwalimu, vitu vyote viko mezani.”

“Si ndiyo nimesema?”

“Umesema vingine.”

“Lakini umesikia?”

“Nimesikia.”

“Basi. Mimi iko na kichwa ngumu.”

“Nina kichwa kigumu.”

“Hata wewe? Pole sana, Mama Diane!” Na akacheka mpaka akavua miwani.

Siku ya somo la “nobody” nitaisimulia kwa sababu ya Silas. Alikuwa ametumwa kupeleka kifurushi katika ofisi nyingine huko Kacyiru, ya watu wa nje. Akafika, akakuta mlango wa mapokezi mtupu. Alikuwa na namba ya mwenye kifurushi, akaamua kujitahidi, akamwandikia ujumbe: “Nobody is not at the door.” Alitaka kusema hakuna mtu mlangoni. Yule bwana huko juu akausoma, akaelewa kwamba hakuna asiyekuwepo, yaani wote wamefika. Na kumbe siku hiyo walikuwa wakingoja ugeni mkubwa. Silas anasema alisikia viatu vinashuka ngazi kama mvua ya mawe. Wakatokea watu wa suti, wanafunga vifungo, mbele mwanamke na shada la maua. Wakamkuta Silas peke yake, kofia ngumu kichwani, ameshika boksi la wino wa mashine.

“Walikupa maua?” akauliza seremala.

“Walinipiga picha,” akasema Silas. “Mwarimu, kosa iko wapi? Nimeweka hapana, ili isikike ni hapana.”

Mwalimu alikuwa amejikunja kwa kicheko, ameshika meza yangu ya kukatia. Alipopata pumzi akasema, “Nobody amebeba ‘hapana’ yake mgongoni tayari, kama mama na mutoto. Usimutwike nyingine, ataanguka upande wa pili.” Kisha akamfanya Silas aandike ujumbe ule upya, akaenda naye kesho yake mpaka kwa yule bwana, si kuomba radhi, ila kumwonyesha kwamba sasa amejua. Alisema kosa likichekesha watu, sahihisho nalo lina haki ya kuonekana.

Nyumbani kwake alikuwa mtu mwingine kabisa. Mwenye kunyoosha sentensi za watu hakuweza kunyoosha kitanda. Funguo zake zilikuwa zikipatikana ndani ya sukari. Maharage aliyaunguza kwa sababu alikuwa anasoma maandishi ya mfuko wa mchele. Lakini chai ya maziwa haikukosekana, na pale mezani ndipo alipotufundisha tofauti ya “something” na “anything”. Alisema mgeni akiingia ukamuuliza kama anataka “anything”, umemwonyesha mlango wa kusema hapana. Muulize kama atapenda “something”, hapo tayari umeshika birika. “Herufi chache tu,” alisema, “lakini mugeni anajua kama atakunywa.” Diane wangu alilishika somo hilo haraka. Alianza kuniuliza kwa Kiingereza, kila jioni, kama ningependa kitu, huku ameshika sahani, na mimi nikaanza kujibu. Siku moja aliweka daftari lake mbele yangu mwenyewe, akalifungua, akasema, “Mama, hapa sielewi.” Niliogopa kulia nikalilowesha. Nilisoma swali, nikalielewa. Jibu lilikuwa “somebody”.

Usidhani Mwalimu hakuwahi kushindwa. Chantal alimshinda. Mwalimu alikuwa amefundishwa zamani, na walimu wakali, kwamba ukianza na “everybody” lazima uendelee na “his or her”. Kila mtu alete mwavuli wake, wa kiume au wa kike. Chantal akasema chuoni wanatumia “their”, yaani ‘wao’, na waandishi wakubwa wanatumia, na hata Mwalimu mwenyewe anatumia.

“Mimi? Lini?”

“Jana. Umesema ‘Everybody has taken their tea’.”

“Sikusema.”

“Ulisema,” tukajibu benchi zima.

Alinyanyuka akaenda kwake. Siku kadhaa hakutaka habari hiyo itajwe. Tukadhani ameudhika. Kumbe alikuwa akikaa kwenye vituo vya basi na korido za ofisi anasikiliza watu wanavyosema. Akarudi, akasimama mbele yetu kama shahidi mahakamani: “Nimesikiliza. Chantal ana haki. Kitenzi inabaki moja, lakini mwavuli ni ‘their’.” Kisha akamfanyia Chantal keki. Iliungua chini, tukala juu.

Lakini jambo lililotufunga pamoja naye ni la bango.

Alikuja alasiri moja, mapema kuliko kawaida, na alikuwa amekuja kwa miguu kutoka barabarani, anatembea haraka, amekumbatia kitambaa kikubwa cha buluu kilichokunjwa. Uso wake ulikuwa umepoteza rangi. Silas alikuwa nyuma yake, na kwa mara ya kwanza hakuwa na la kuchekesha.

“Mama Diane, funga mulango.”

Nikafunga. Akalitandaza kwenye meza ya kukatia, likafunika meza na mabenchi mawili. Lilikuwa bango la ofisi yao. Kesho yake asubuhi walikuwa na siku ya kufungua milango kwa wananchi, wageni wamealikwa, na bango ndilo lingening’inia juu ya lango. Herufi nyeupe, kubwa kama magoti yangu: EVERYONE ARE WELCOME.

Nilisoma. Nikasoma tena. Nikamtazama.

“Sema,” akaniambia.

“Mwalimu... nani ameandika?”

“Mimi.” Akakaa chini, sakafuni kabisa, kati ya vipande vya vitambaa. “Mwanzo ilikuwa ‘All are welcome’. Ilikuwa sawasawa. Nikasema hapana, ‘all’ inaona umati, tuweke ‘everyone’. Nikabadilisha neno moja. Ile ingine nikaiacha. Nikatia sahihi. Leo wameipandisha kujaribu, nikaisoma kutoka chini. Mbele ya harusi nzima nilimusahihisha mutoto wa watu, na mimi...”

Alikuwa na haki ya kuogopa. Ile ndiyo kazi yake, na hakuna aliyejua mkuu wake atasema nini. Mwenye kuchapa alikuwa amefunga. Hakuna bango lingine lingepatikana mpaka asubuhi. Watu wa darasa walikuwa wameanza kufika, wanabisha mlango, na nikawafungulia kwa sababu nilihitaji mikono. Wakasimama kulizunguka bango. Seremala alivua kofia kama tuko msibani.

Ndipo Silas akakohoa. Akachagua maneno yake moja moja, kama mtu anayevuka mto kwa mawe: “Teacher. Nobody... is... perfect.”

Mwalimu akainua uso. Nikadhani atalia.

“Is,” akasema polepole. “Silas, umesema ‘is’. Na hapana ni moja tu.”

“Yego, Mwarimu. Moja tu.”

Akaanza kucheka. Kicheko kilianza tumboni kikapanda mpaka miwani ikaanguka, na sisi tukamfuata, tukacheka wote mpaka jirani akaja kuuliza kuna nini. Baada ya hapo kazi ikawa nyepesi. Nilipima. “ARE” ina herufi tatu, “IS” ina mbili, kwa hiyo pengo lingebaki. Kitambaa cha buluu kama kile sikuwa nacho, na buluu nyingine ingeonekana kama kiraka. Nikafumua pindo la chini la bango lenyewe, lilikuwa pana, nikapata buluu ileile ndugu yake ya kufunika “ARE”. Chantal alikata herufi nyeupe kutoka kwenye shuka langu jipya. Seremala alinyoosha mistari kwa rula yake, maana jicho lake halikosei. Silas na wengine walishika ncha za kitambaa na kuzunguka meza taratibu nilipokuwa nakanyaga cherehani, kama watu wanaobeba mwali. Na Mwalimu alikaa mbele yangu, anasoma kila mshono kwa sauti: “Everyone is. Everyone is.” Giza linaingia, tukalitundika ukutani kwa majirani, tukarudi nyuma kulitazama. Ungedhani lilizaliwa hivyo.

Kesho yake nilikwenda kuliona likiwa juu ya lango. Mkuu wake alikuwa amesimama chini yake, mwanamume mnene mwenye furaha, anapokea wageni. Jambo lingeishia hapo, hakuna aliyegundua. Lakini Mwalimu alinishika mkono akanipeleka kwake.

“Bosi,” akasema kwa Kinyarwanda, “jana bango hili lilikuwa na kosa, na kosa lilikuwa la kwangu. Huyu ndiye fundi aliyelisahihisha, na darasa lake.”

Yule bwana akatazama juu. Akatazama muda mrefu, akikunja macho. “Wapi?”

“Hapo kwenye ‘is’.”

“Mimi nilikuwa nimelisoma mara ngapi,” akasema, “na sikuona kitu.” Kisha akaniuliza kama ninashona pia bendera za meza. Tangu siku hiyo vitambaa vya ofisi ile hupitia mashineni kwangu, na Mwalimu huvisoma kwanza, na mimi huvisoma baada yake. Alitaka hivyo mwenyewe.

Miaka imepita tangu hapo. Alistaafu, akahamia Busanza, kwenye majengo yale ya ghorofa, na darasa likatawanyika kwa heri: Chantal ameajiriwa, Silas anaendesha gari la watalii na kuwachekesha kwa sarufi safi, Diane yuko sekondari. Mwezi uliopita nilikwenda kumtembelea Jumapili. Nilidhani nitamkuta mpweke.

Nilimkuta kwenye kiti, katika kibaraza cha ghorofani, nywele zake nyeupe zimesukwa nusu kichwa, nusu nyingine zimesimama. Nyuma yake alikuwa jirani yake, Joselyne, msusi, mwanamke wa makamo ambaye hasikii tangu utotoni na huongea kwa mikono.

“Karibu,” Mwalimu akasema. “Tumeanza toka asubuhi. Akisuka hawezi kuongea, akiongea hawezi kusuka. Na leo iko na maneno mingi!”

Joselyne aliacha msuko, akanisalimia kwa vidole. Mwalimu akajaribu kunitambulisha kwake. Joselyne akatikisa kichwa, akamshika mkono, akaukunjua, akaugeuza, akakirudisha kidole gumba mahali pake. Mwalimu akajaribu tena. Akakosea tena. Joselyne akamsahihisha tena, bila haraka, na akacheka kicheko kisicho na sauti, mabega yakirukaruka.

“Ulimwambia nini?” nikauliza.

“Nilitaka kusema wewe ni rafiki yangu wa zamani. Anasema nimemwambia wewe ni mbuzi wangu wa zamani.”

Nilikaa nao mpaka alasiri. Nilimtazama mwanamke yule, aliyezoea kuinua kidole mbele za watu, akitoa mikono yake miwili kama mtoto ili anyooshewe vidole, na kila aliposahihishwa uso wake uling’aa. Joselyne alitupakulia isombe, kisamvu cha huku, na samaki, akaniongeza, akaniongeza tena, mpaka nikafunika sahani kwa kiganja. Ndipo akanifundisha: mkono unatoka tumboni, unapanda, unasimama chini ya kidevu. Nimeshiba. Nilirudia mpaka akaridhika.

Nilipofika chini, barabarani, niligeuka. Walikuwa wamesimama wote wawili ukingoni mwa kibaraza, nywele za Mwalimu bado hazijakwisha. Akaniambia jambo refu kwa mikono, polepole, kwa uangalifu, na Joselyne kando yake akaitikia kwa kichwa kwamba safari hii liko sawa. Sikulielewa hata kidogo. Lakini huwezi kuagwa ukanyamaza. Nikaweka mfuko wangu chini, nikasimama katikati ya watu wanaopita, nikawajibu kwa neno pekee nililokuwa nalo: mkono tumboni, ukapanda, mpaka chini ya kidevu.